Ulisema Unarekodi Sauti Tu

Mama yangu mzazi, uliyewekewa kiti chenye mito. Kaka yangu mkubwa, unayeshika nafasi ya baba yetu katika boma hili. Mchungaji na wazee wa kanisa. Wakwe zetu mliotoka Nyamarambe, ambao ilipasa mletewe chai kabla ya watu wote na natumaini mmeletewa. Mzee Salim, mwalimu wangu wa kazi, uliyefunga studio yako mjini Kisii uje kutuchinjia kuku, ili tule sote bila maswali. Majirani tunaopeleka majani ya chai pamoja kituoni. Akina mama mnaosikiliza kutoka jikoni. Vijana mliosimama nyuma ya hema: nawaamkua nyote, kila mmoja kwa heshima yake.

Anayesoma ni dada yangu, Mwalimu Nyaboke. Mnajua kwamba tangu nipigwe na kiharusi, ulimi wangu huenda kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe. Hufika ng'ambo, lakini wanaomngoja huchoka. Mkono wa kulia Mungu ameniachia, nami naandika haya chumbani huku nikiwasikia mkibishana viti viangalie upande gani. Nimeandika Kiswahili kwa sababu Ekegusii cha Mzee Salim, pamoja na miaka yote aliyokaa nasi, kinaishia kwenye salamu na bei ya ndizi, na kwa sababu rafiki za mwanangu Bosire waliotoka Nairobi hawana hata hiyo bei. Sikilizeni nyote, lakini barua ni ya mtu mmoja.

Mwanangu Bosire,

Kesho alfajiri unaondoka kwenda ng'ambo kusomea kazi niliyoifanya mimi bila kuisomea. Habari za soksi, za dawa ya kikohozi na za kutokaa na njaa kwa ajili ya haya, mama yako amekwisha kukueleza, tena mara zaidi ya ulivyotaka. Mimi nina jambo moja tu. Ndani ya sanduku lako mna filamu uliyoipiga katika nyumba hii. Ndiyo iliyokupatia nafasi ya masomo, na umetuambia kwamba ndiyo utakayowaonyesha wenyeji wako mara tu utakapofika. Ndani ya filamu hiyo niko uchi. Sikukuruhusu. Watu wengi waliokaa hapa waliiona, nao tangu siku ile wamekuwa wakiniuliza habari za mvua.

Tangu uzaliwe nimekuita Tata, baba, kwa sababu jina lako ni la baba yangu. Nyanya yako naye hukuita mume wangu, na hukutania hivyo mbele ya wageni mpaka unatoroka. Ndivyo tulivyokulea: kwangu wewe ni mwana na ni baba kwa pamoja. Nimetaja hilo ili ujue ni nani aliyenifanyia hili. Lingefanywa na mpigapicha mgeni ningempeleka kwa chifu, nikalisahau.

Kazi hii niliingia kwa mlango wa mazishi. Mzee Salim alikuwa na kamera moja ya video mjini, na jamaa walioko ng'ambo walitaka kuona jinsi wazee wao walivyozikwa. Alinituma mimi kwa kuwa nilikuwa mrefu. Nilijifunza kushika kamera juu ya vichwa vya waombolezaji, kutembea kinyumenyume kuelekea kaburini bila kutumbukia, na kuyajua machozi ya mtu anayelia kweli na ya yule anayelia kwa sababu shemeji zake wamefika. Baadaye wakaja watengenezaji wa filamu za maisha halisi, wakitaka mtu wa hapa anayejua mwanga wa milima hii, ambao saa nane za mchana huzimwa na mawingu kabla hujageuka. Salim akawaambia, "Mchukueni Makori. Hazungumzi sana, na hali sana."

Mahali pa kwanza waliponipeleka ni Tabaka, kwa wachonga mawe. Nilirudi na lenzi imekwaruzwa yote. Vumbi lile jeupe lilikuwa limetanda juu yake, nami nikalifuta kwa ncha ya shati.

"Wee Makori!" Salim alipiga kelele mpaka wateja wakatoka nje. "Lenzi unaisugua kama sufuria ya ugali? Vumbi la jiwe hupulizwa! Hupulizwa, bwana! Pumzi si unayo, au umeiacha Tabaka?"

Lenzi ilibadilishwa. Kosa lingine nililolifanya huko halikubadilishwa, na sikumwambia mtu, kwa sababu hakuna aliyelalamika. Kule Tabaka wanaume huchonga, na wanawake husugua vinyago kwa msasa ndani ya maji. Kulikuwa na mama mmoja ambaye kila asubuhi alibeba jiwe kutoka machimboni akiwa amelitweka begani, naye alinipendeza kutazama. Nikamwomba apande mteremko na jiwe lile. Akapanda. Wingu likapita, nikamwomba arudie. Akarudia. Nikasogeza kamera, akarudia. Asubuhi nzima ilipita hivyo, naye hakukunja uso hata mara moja, mimi nikamhesabu kuwa mtu aliyeipenda filamu. Jioni mtoto wake mdogo alimjia akitaka kubebwa, naye hakuweza kuinua mikono. Alicheka, akanitazama, akasema, "Kamera yako ina njaa kuliko machimbo, mwanangu." Kisha akanipikia chai.

Ilinichukua miaka kuelewa kicheko kile. Watu wetu hawamkatalii mgeni. Humpa kiti, humpa chai, humpa na bega lao, na hakuna mahali katika hayo yote ambapo wamesema ndiyo. Baada ya hapo nilianza kuwarudia watu niliowapiga picha kabla filamu haijatoka, nikawaonyesha walivyo, nikakaa kimya wakitazama. Mara nyingi wakurugenzi wangu walikasirika. Mara nyingine picha nzuri ilipotea kwa sababu mwenyewe alitikisa kichwa. Zilizopotea nazikumbuka zote, wala sioni haja ya kukudanganya kwamba hazikuniuma.

Haya hukuyapata kwangu. Ulipoanza kunifuata kazini, nilikufundisha sehemu iliyokuwa rahisi kufundishwa. Nilikuambia, "Usizime kamera. Kitu cha kweli huja wakati watu wanadhani umemaliza." Nilikuambia pia kwamba kabla ya kuondoka mahali popote, urekodi sauti ya chumba kikiwa kitupu, kwa kuwa kila chumba kina kimya chake, na mhariri hawezi kukitengeneza kimya hicho baadaye. Ulikuwa mwanafunzi mwema. Hukusahau hata moja.

Kisha kiharusi kikanipata, kikachukua upande wa kushoto. Watu husema, afadhali, wa kulia umebaki. Hawajui kwamba katika kazi yetu mkono wa kulia hubeba tu, na wa kushoto ndio unaozungusha lenzi na kumtafuta mtu. Uliponijia na kusema, "Baba, acha nipige filamu ya mkono wako ukijifunza tena kazi," nilikubali, tena kwa furaha. Nilikubali unipige nikijaribu kushika kikombe. Nilikubali unipige kule kwenye chai, nikichuma kwa mkono mmoja huku akina mama wakinicheka kwamba nachuma kama mbuzi. Nilikubali hata ile ya kuangusha kamera, ambayo Mzee Salim hawezi kuitazama. Ulikuwa ukiniuliza, nami nilikuwa nikijibu.

Siku ya picha ninayoizungumzia, mama yako alikuwa amenisimamisha bafuni, mlango ukiwa wazi kwa sababu kiti changu cha kuogea kikiwamo ndani haurudishiki. Nikaona kamera yako kwenye stendi, mwisho wa ukumbi, taa yake nyekundu ikiwaka.

Nikakuuliza, "Hiyo vipi?"

Ukajibu kutoka sebuleni, hata hukutokeza kichwa, "Narekodi sauti ya nyumba tu, Baba. Msiongee sana."

Nikaamini. Nikamwambia mama yako kwa ishara anyamaze, kijana yuko kazini. Yeye ambaye kwa kawaida huniogesha akinisimulia kijiji kizima, akanyamaza. Aliweka jagi chini polepole lisigonge saruji. Alikamua kitambaa karibu na maji ili yasichuruzike kwa kelele. Tuliogeshana kimya, Bosire, kama wezi ndani ya nyumba yetu, ili tusikuharibie kazi.

Wageni wetu wa Nairobi, nawaeleza kwa kifupi. Sisi tunayo ensoni. Ni haya iliyofanywa kuwa adabu. Ndiyo itakayonizuia mimi kuvuka kizingiti cha mwanangu akishaoa, na ndiyo inayomzuia yeye kuuona mwili wangu, na inawazuia wakwe zetu zaidi. Nyanya na mjukuu hawana ensoni kati yao, hutaniana watakavyo. Lakini baba na mwana, hapana. Bosire alilelewa ndani ya jambo hili. Hakulivunja kwa kutolijua.

Siku ya kuionyesha filamu mlijaa ukumbi wa shule. Mlinipa kiti cha mbele. Shuka likatundikwa, taa zikazimwa, nanyi mkacheka nilipochuma kama mbuzi, nami nikacheka. Kisha nikauona ukuta wa bafu langu. Nikauona mgongo wangu, nikauona mkono wangu ukining'inia, na mama yako amekunja mikono ya blauzi. Nikajua kinachofuata, kwa sababu nakumbuka kwamba baada ya mgongo niligeuka.

Hakuna aliyepiga kelele. Mtoto mmoja alicheka, akafinywa. Mzazi mwenzangu kutoka Nyamarambe, ambaye binti yangu ameolewa kwake, hakutoka nje, kwa maana kutoka kungenitia aibu zaidi. Alikigeuza kiti chake kikatazama ukuta wa nyuma, akaketi hivyo mpaka filamu ikaisha. Mlipopiga makofi, yeye alipiga akiwa amewapa mgongo. Leo amekuja, nami namshukuru mbele yenu. Lakini nimemwona kupitia dirisha hili akichagua mahali ambapo mlango wangu hauonekani.

Mama yangu alijifunika uso kwa leso. Tulipofika nyumbani, yeye ndiye aliyesema peke yake, na alikwambia wewe.

"Mume wangu, wewe umekuja kunionyesha nini? Mwanangu huyu mimi nilimwona wa kwanza, hana hata meno. Mimi ninayo ruhusa. Hawa wengine wote, wamemzaa lini?"

Watu walicheka, ukacheka nawe. Yeye hakucheka.

Asubuhi yake ulinikuta kwenye shamba la chai, tukazungumza, na maneno yale nayarudia hapa kwa sababu ulipowasimulia wengine ulisema tulielewana.

Ulisema, "Baba, umekasirika."

Nikasema, "Uliniambia unarekodi sauti tu."

"Nilikuwa narekodi sauti. Kamera ilikuwa wazi tu, nikaiacha."

"Kifuniko cha lenzi kilikuwa wapi?"

Ukaangalia majani. "Mfukoni mwangu."

"Kilifikaje mfukoni?"

"Baba, wewe ndiye uliyenifundisha. Usizime. Kitu cha kweli huja watu wakidhani umemaliza. Hayo ni maneno yako au si yako?"

"Ni yangu."

"Na picha ni mbaya? Niambie kama mpigapicha. Ni mbaya?"

Nikakwambia ukweli. Si mbaya. Mwanga wa kidirisha kile unaingia kwa upande, mvuke wa karai unaubeba, na mkono wa mama yako wenye sabuni unapita juu ya bega langu kama mtu anayefuta jina ubaoni asitake kulifuta lote. Katika maisha yangu yote ya kazi sikuwahi kupata picha ya watu wawili waliooana iliyo ya kweli kama ile. Ningeiona katika filamu ya mtu mwingine, ningesimama kupiga makofi.

Ukasema, "Basi, tatizo ni nini, mzee? Huko ninakokwenda hakuna anayekujua."

Sikukujibu. Ulidhani ni ulimi. Haukuwa ulimi, Tata. Nilikuwa nikijaribu kufahamu kwamba mwanangu amenipima, akaona kwamba umbali ukizidi ninaweza kutumiwa. Niliwaona wakurugenzi wakubwa wakisema neno hilo juu ya watu wa Turkana, wa Mathare, wa Tabaka. Huko hakuna anayewajua. Nilikuwa nikirudi hotelini nikiwadharau. Sikutarajia kulisikia katika chai yangu, kutoka kinywa nilichokilisha.

Tangu siku hiyo kuna mambo nyumbani humu ambayo pengine umeyaona bila kuuliza. Mama yako ametundika blanketi kwenye mlango wa bafu, na huniogesha haraka, bila hadithi. Tulikuwa tumepata kitu katika ugonjwa ule, mimi na yeye, saa moja ya siku ambayo ilikuwa yetu. Sasa kila jagi likigonga saruji tunasikilizana. Hajalisema jambo hili kwa mtu yeyote. Mkono ule wenye sabuni ni wake, na hakuna aliyemuuliza, wala wewe wala watu wa ukumbini, kwa sababu yeye alikuwa amevaa.

Mimi nami, mtu aliyekula kwa lenzi maisha yake yote, wageni wakija nawaomba waweke simu kifudifudi mezani. Daktari alipotaka kupiga picha ya bega langu kwa simu yake nililishikilia shati langu hadi akaahirisha. Nakuambia hili ujue kilichochukuliwa. Ungenichukulia shamba, ningebaki mpigapicha.

Najua yamekwisha kusemwa kwamba nakuonea wivu kwa sababu unakwenda mahali ambapo sikufika. Waliosema wamo humu, na wasihangaike, sitawataja. Wivu ninao. Nilipokuona umeinua kamera kwa mkono wa kushoto bila kufikiri, niliuona wivu ukisimama mbele yangu kama mtu. Lakini wivu na jambo hili vinakaa vyumba tofauti, na mimi ninavijua vyote viwili.

Najua pia kwamba baadhi yenu mnaisikiliza barua hii mkitafuta laana ndani yake. Hakuna. Mchungaji asikunje uso. Mwanangu ataondoka, ndege yake itapaa, atasoma, na atakuwa bora kuliko mimi, kwa kuwa tayari jicho lake ni bora kuliko langu. Sitamzuia, na mtu yeyote asimzuie kwa jina langu. Ninachokizuia ni picha ile.

Bosire, katika nchi ile watakupa karatasi watu watie saini, na watakuambia saini inatosha. Ukiwa umechoka, utaamini. Sina namna ya kukaa begani mwako kukuuliza, mtu huyu amekubali, au amekupa chai tu? Kwa hiyo nimechagua kukuuliza mara moja, hapa, mbele ya watu ambao huwezi kuwaambia kwamba hawajulikani.

Sasa natangaza uamuzi wangu, nami naomba mkutano huu uutekeleze kabla sala ya kumuaga msafiri haijaombwa. Kaka yangu ausimamie. Wakwe zetu wawe mashahidi.

Filamu hii ina watu wa boma hili, wa kituo cha majani, na wa kanisa. Nyote mmo humu. Bosire atasimama katikati, mikono mitupu, na rafiki zake watazima kila kitu kinachowaka. Atamwita kila mmoja aliyemo kwa jina lake, atamweleza ni picha gani amempiga na ni watu gani watakaoiona, kisha atamuuliza kama anakubali. Anayekubali, abaki. Anayekataa, asitoe sababu, wala mtu asimtake aitoe. Picha yake itatolewa leo jioni, Mzee Salim akiwa ameketi karibu na kompyuta mpaka kazi iishe. Filamu ikibaki nusu, itasafiri nusu. Ikiisha yote, mwanangu ataondoka bila filamu, na atapiga nyingine.

Ninajua tulivyo. Mbele za watu hatukatai, tunatabasamu tunasema hakuna neno, kisha tunakigeuza kiti. Kwa sababu hiyo sikutaka mtu mwingine awe wa kwanza. Ataanza na mimi, na jibu langu nimeliandika kabla hajauliza, lisije likakwama kwenye ulimi.

Dada, ukimaliza mstari wa mwisho, kunja karatasi hii uketi. Mwanangu, simama, niite kwa jina langu, uniulize.

Jibu langu ni hapana. Baada yangu, muulize mama yako.